Maisha ya Oscar Micheaux, Mchuuzi wa Sinema

Kila mwaka katika kurasa hizi huwa tunasoma maisha ya watu mashuhuri, na mara nyingi huwa ni wale wale: wapigania uhuru, wanasiasa na wanariadha. Leo mimi nawaletea mtunzi wa sinema. Anaitwa Oscar Micheaux. Jina hilo lisikutie hofu ndugu msomaji, hutamkwa Misho tu, basi. Alikuwa Mmarekani mweusi, mwana wa mkulima. Kuanzia mwaka wa 1919 hadi 1948 alitunga, akaongoza na kutoa sinema zipatazo 40, na hayo aliyafanya wakati ambapo katika miji mingi ya Marekani mtu mweusi hakuruhusiwa hata kuketi pale anapotaka ndani ya ukumbi wa sinema.

Lakini kilichonifanya nichukue kalamu si wingi wa sinema hizo. Ni kwamba mtu huyu alikataa katakata mtu mwingine kumsimulia hadithi yake. Alitaka aitunge mwenyewe, aipige picha mwenyewe na aiuze mwenyewe, mkononi kama mtu anayetembeza ndizi. Jambo hilo lilimpa sifa na pia likamponza.

Micheaux alizaliwa tarehe 2 Januari, 1884, karibu na mji mdogo wa Metropolis katika jimbo la Illinois. Baba yake, Calvin, alizaliwa mtumwa katika jimbo la Kentucky kabla utumwa haujakomeshwa. Watoto nyumbani walikuwa wengi na Oscar alikuwa wa tano. Jina la ukoo liliandikwa Michaux, ile herufi ya e aliiongeza yeye mwenyewe baadaye. Yaani hata jina la babake hakuliacha bila kulisahihisha!

Wazazi wake walithamini masomo na waliwahi kuhamia mjini ili watoto wapate shule nzuri, lakini pesa zikawaishia wakarudi shambani. Oscar hakuipenda kazi ya jembe. Baba yake alipoona kijana huyu hana faida shambani akaamua kumtuma sokoni kuuza mazao. Kumbe alikuwa amempeleka chuoni bila kujua. Huko sokoni kijana alijifunza kumtazama mteja usoni, kumwita kwa jina, kumchekesha, na kutoondoka mpaka mteja atoe pesa. Elimu hiyo ndiyo iliyomlisha mpaka kufa kwake.

Alipofika umri wa miaka 17 alikwenda Chicago kwa kaka yake aliyekuwa akifanya kazi ya kuhudumu hotelini. Alifanya vibarua vya kila aina, katika machinjio na katika kiwanda cha chuma. Mtu mmoja wa kuwatafutia watu kazi alimtapeli pesa zake, na tangu hapo akaapa kwamba atakuwa tajiri wa nafsi yake. Akaanza kupiga viatu rangi. Baadaye akapata kazi katika kampuni ya Pullman iliyokuwa na mabehewa ya kulala katika magari ya moshi. Kazi yenyewe ilikuwa kutandika vitanda, kubeba mizigo na kuitikia kila abiria anapopiga kengele. Msiidharau kazi hiyo. Kwa kijana mweusi wa enzi hizo ilikuwa kazi ya heshima na tena alizunguka Marekani nzima bila kulipa nauli. Aliwasikiliza matajiri wakizungumza juu ya mashamba na biashara, naye huku akiweka akiba yake benki.

Mnamo mwaka wa 1905 akafanya jambo la ajabu. Alinunua shamba katika wilaya ya Gregory, jimbo la South Dakota, kwenye nyika tupu yenye baridi kali na upepo usiokoma. Ardhi hiyo ilikuwa imemegwa kutoka kwa watu wa kabila la Lakota, wenyeji wa asili, na serikali ikaifungua kwa walowezi. (Hapo lazima niseme ukweli, katika niliyoyasoma sikuona kama Micheaux alijisumbua sana na swali la wenye ardhi yao.) Karibu walowezi wote walikuwa wazungu. Yeye mweusi, peke yake, bila mke na bila ndugu, mtoto yule yule aliyelikimbia jembe la babake, sasa akaanza kulima udongo ambao haukuwahi kuguswa na plau. Majirani walimtarajia arudi mjini kabla ya mwaka kwisha. Hakurudi. Aliongeza shamba la pili na wale majirani wakaanza kumheshimu.

Mwaka wa 1910 alimwoa binti wa mhubiri kutoka Chicago. Ndoa hiyo iliingia mkosi. Mtoto wao alizaliwa mfu wakati Micheaux akiwa hayupo nyumbani, na baba mkwe akaja akamchukua binti yake wakarudi Chicago. Micheaux alimfuata mke wake lakini hawakurudiana tena. Juu ya hayo ukaja ukame, mavuno yakakauka, na mashamba yote yakamponyoka moja baada ya jingine. Kama ni mimi pengine ningerudi Pullman nikaombe kazi yangu ya kutandika vitanda.

Yeye aliketi akaandika kitabu. Kiliitwa The Conquest, kikachapishwa mwaka wa 1913 katika mji wa Lincoln, jimbo la Nebraska. Hadithi ni yake mwenyewe toka mwanzo hadi mwisho, ila amebadilisha majina. Yeye amejiita Oscar Devereaux. Kitabu kikishapigwa chapa nani atakiuza? Maduka ya vitabu hayakumjua. Basi akakitia kwenye mkoba akaenda mlango kwa mlango akiwauzia wakulima wazungu, wale wale aliokuwa jirani yao. Na walinunua! Mwaka wa 1915 akatoa riwaya ya pili, The Forged Note, na mwaka wa 1917 ya tatu, The Homesteader. Hii ya tatu inamhusu mlowezi mweusi anayempenda msichana anayedhani ni mzungu, akamwacha kwa kuogopa ubaguzi, akaoa binti wa mhubiri na kuishia kuteseka. Bila shaka mmeshamtambua mhubiri huyo ni nani. Micheaux hakumsamehe baba mkwe wake, na wahubiri wabaya watatokea tena na tena katika kazi zake.

Sasa tufike kwenye sinema yenyewe. Riwaya hiyo ya The Homesteader ilimfikia George Johnson, karani wa posta katika mji wa Omaha. Huyu pamoja na ndugu yake Noble, aliyekuwa mwigizaji, waliendesha kampuni iliyoitwa Lincoln Motion Picture Company, mojawapo ya kampuni za kwanza za watu weusi za kutengeneza sinema. Mwaka wa 1918 Johnson akamwandikia Micheaux kwamba wanataka kuifanya riwaya ile kuwa sinema.

Hebu jiwekeni mahali pake. Wewe ni mchuuzi wa vitabu, shamba lako limekwenda, mke amekwenda, na hapa kampuni ya watu weusi wenzako inakutaka. Wengi wetu tungetia sahihi kabla wino wa barua haujakauka. Micheaux akaweka masharti. Sinema iwe ndefu, si vipande vifupi walivyozoea kutengeneza, na yeye mwenyewe ashiriki katika kuitengeneza. Kampuni haikuona kwa nini mtu asiyewahi kushika kamera hata siku moja aje kuwafundisha kazi. Mapatano yakavunjika.

Hapo ndipo mafunzo ya sokoni yalipofanya kazi. Micheaux aliunda kampuni yake mwenyewe ya vitabu na filamu katika mji wa Sioux City, Iowa, kisha akarudi kwa wakulima wale wale waliokuwa wamenunua vitabu vyake, safari hii akiwauzia hisa. Hakuwa anaomba mchango wa harambee, la, alikuwa akiwaambia kwamba watapata faida. Wazungu wa mashambani waligharamia sinema ya mtu mweusi juu ya maisha ya mtu mweusi. Akatafuta waigizaji, akamwajiri mpiga picha, na akaiongoza kazi hiyo mwenyewe.

Sinema ya The Homesteader ilionyeshwa Chicago tarehe 20 Februari, 1919, katika jumba la kikosi cha nane, kikosi cha askari weusi. Ilikuwa na mikanda 8 na ndiyo sinema ndefu ya kwanza kutengenezwa na Mmarekani mweusi. Wahubiri fulani wa Chicago walikimbilia wakaguzi wa sinema wakitaka ipigwe marufuku, eti inawadhalilisha watumishi wa Mungu. Hawakufaulu. Tena mchuuzi wetu alifurahia kelele hizo kwa sababu zilimjazia ukumbi.

Kabla sijaendelea ni lazima nieleze jambo moja, la sivyo hamtaona uzito wa sinema yake ya pili. Mwaka wa 1915 mzungu mmoja hodari sana wa sinema, D. W. Griffith, alikuwa ametoa sinema iitwayo The Birth of a Nation. Kwa ufundi ilisifiwa kote Marekani na ilionyeshwa hata katika ikulu ya rais. Lakini ndani yake watu weusi wameonyeshwa kama wanyama wanaowavizia wanawake wa kizungu, na wale wauaji waliovaa kanzu nyeupe, Ku Klux Klan, wameonyeshwa kama mashujaa. Mwaka ule ule kikundi hicho kilichokuwa kimekufa kikafufuka. Sinema si mchezo, wasomaji wangu. Kisha majira ya joto ya mwaka wa 1919 palitokea machafuko ya rangi katika miji mingi. Chicago peke yake walikufa watu 38, na 23 kati yao walikuwa weusi.

Miezi michache tu baadaye, Januari 1920, Micheaux akatoa Within Our Gates. Ninaomba niikalie kidogo sinema hii kwa sababu nimeitazama nayo haikunitoka akilini. Haina sauti, na maneno huandikwa kati ya picha na picha. Mhusika mkuu ni mwalimu, Sylvia Landry, aliyeigizwa na Evelyn Preer. Anafundisha katika shule ya watoto weusi huko kusini. Shule ni maskini, watoto wanafurika, nayo inahitaji dola 5,000 la sivyo ifungwe. Sylvia anasafiri hadi Boston kutafuta wafadhili. Huko anamwokoa mtoto asikanyagwe na gari, yeye ndiye akagongwa, na gari hilo kumbe ni la mama mmoja tajiri, ambaye mwishowe anaitolea shule dola 50,000. Hapa nadhani mtunzi alitia chumvi kidogo, lakini tuendelee.

Baadaye tunarudishwa nyuma tuonyeshwe alikotoka Sylvia. Babake wa kumlea alikuwa mkulima mweusi aliyelima shamba la mzungu tajiri, na mwenye shamba alikuwa akimwibia katika hesabu kila mwaka. Sylvia amesoma. Anamfanyia baba yake hesabu zake sawasawa kwenye karatasi, na mzee anaipeleka kwa mwenye shamba. Wanagombana. Wakati huo huo mzungu mwingine, maskini aliyekuwa amedhulumiwa na tajiri yule yule, anampiga risasi kupitia dirishani. Lawama zote zinamwangukia mkulima mweusi. Umati unamwinda porini yeye na mkewe, wakanyongwa wote wawili bila kesi wala hakimu. Kuna pia mtumishi mweusi, Efrem, aliyekwenda kuwasemea wenzake kwa wazungu akijivuna kwamba yeye ni rafiki yao. Umati ulipochoka kusubiri ukamnyonga yeye kwanza.

Sehemu iliyonichoma zaidi hata hivyo ni fupi mno. Ni ya mhubiri mzee aitwaye Ned. Anawachekesha wazungu, anawaambia kwamba mtu mweusi hahitaji elimu wala kura, wao wanacheka na kumpiga teke la matakoni, naye anaondoka huku akitabasamu. Akishafunga mlango, tabasamu linakufa. Anabaki amesimama peke yake, anajua alichokiuza. Hapana neno katika uso ule ambalo hulielewi, na sinema yenyewe haina sauti!

Wakaguzi wa Chicago waliikataa mwanzoni. Waliogopa kwamba watu weusi wakiona jinsi wenzao walivyonyongwa, machafuko yatawaka upya. Baada ya mabishano marefu wakairuhusu ikiwa imekatwa vipande. Kumbi nyingine huko kusini ziliikataa kabisa. Micheaux alizidi kuitembeza, na pale palipokatwa kipande akitangaza katika mji mwingine kwamba sasa inaonyeshwa nzima.

Namna yake ya kufanya biashara ilikuwa kichekesho na maarifa kwa pamoja. Alikuwa mtu mrefu wa miraba minne, akivaa koti refu la manyoya na kofia pana, akashuka garini mbele ya ukumbi kama milionea, hata kama mfukoni hana kitu. Mkononi alibeba picha za waigizaji na mswada wa sinema ambayo bado haijatengenezwa. Akimsimulia mwenye ukumbi hadithi yote kwa mikono na macho, akapewa pesa za utangulizi, na pesa hizo ndizo alizotumia kutengenezea sinema yenyewe. Alipigia picha katika nyumba za marafiki ili asilipe kodi ya studio. Mwigizaji akikosea neno hakurudia, kwa maana mkanda ni pesa. Katika jimbo la Virginia aliwahi kuonyesha sinema bila kibali cha wakaguzi, halafu akawaandikia barua ya kujitetea. Wanawe wa sanaa, kama Lorenzo Tucker, aliwauza kwa majina ya nyota wa kizungu. Tucker alitangazwa kama Valentino mweusi.

Mwaka wa 1925 alitoa Body and Soul. Humo alimpa kijana mmoja mwanasheria na mwimbaji nafasi yake ya kwanza kabisa katika sinema. Kijana huyo ni Paul Robeson. Aliigiza watu wawili: mhubiri mwongo ambaye kwa kweli ni mfungwa aliyetoroka (mnamkumbuka baba mkwe?) na ndugu yake aliye mwema. Wakaguzi wa New York walisema sinema hiyo inatukana dini. Micheaux akaipanga upya ili mabaya yote yaonekane kuwa ndoto tu. Ukiitazama utaona kabisa kwamba ndoto hiyo imebandikwa kwa lazima.

Hapa naomba nichepuke kidogo, kwa kuwa sisi ni chama cha Kiswahili. Robeson huyu alihamia Uingereza, na katika miaka ya 1930 alijiandikisha katika chuo cha lugha cha London akajifunza Kiswahili. Mwaka wa 1935 aliigiza katika sinema ya Kiingereza iitwayo Sanders of the River, na mmoja kati ya waigizaji wadogo waliovalishwa kama machifu alikuwa mwanafunzi kutoka Kenya, Jomo Kenyatta, ambaye baadaye akawa Rais wetu wa kwanza. Sinema hiyo ilipokamilika Robeson aliona imegeuzwa kuwa sifa za ukoloni wa Uingereza naye akaijutia sana. Yeye alitoa sura na sauti, lakini mkasi ulikuwa mkononi mwa wengine. Nilipoyasoma hayo ndipo nilipoielewa vizuri barua ya mwaka wa 1918 na kwa nini Micheaux hakuitia sahihi.

Tukirudi kwa Micheaux, mambo yalianza kwenda mrama. Mwaka wa 1928 kampuni yake ilifilisika. Sinema za sauti zilikuwa zimeingia na gharama zake zilikuwa kubwa mno kwa mtu anayeomba sebule za marafiki. Kampuni nyingine ndogo za watu weusi zilikufa zote kama nzi. Lincoln, ile iliyomkataa, ilikuwa imefunga zamani. Micheaux alijikokota akatafuta pesa kwa wazungu wenye kumbi huko Harlem, akatoa The Exile mwaka wa 1931, sinema ndefu ya kwanza ya sauti kutengenezwa na Mmarekani mweusi. Sasa alikuwa na mke wa pili, Alice Russell, aliyemwoa mwaka wa 1926. Huyu alikuwa mwigizaji na mtayarishaji na ndiye aliyesimama naye hadi mwisho.

Hapa sasa nifike kwenye lawama, maana zipo na si za kufichwa. Watu wake mwenyewe walimlaumu. Walisema kwamba katika sinema zake watu wema na wazuri huwa ni weupe weupe wa ngozi na wabaya huwa ni weusi tititi. Mwaka wa 1938 alitoa God's Step Children, ambayo inamhusu msichana mweupe wa ngozi anayewakataa weusi wenzake na mwishowe anajitupa mtoni. Waandamanaji wa New York waliikasirikia hata ikaondolewa kwenye kumbi. Wengine walimlaumu kwa kazi mbovu: taa hafifu, waigizaji wanaokariri kama watoto wa chekechea, na hadithi zinazorukaruka.

Nilipoyasimulia haya chamani wenzangu waligawanyika. Wapo waliosema kwamba angeikubali ile kampuni ya Lincoln angekuwa na wasaidizi, wangemsahihisha, na sinema zake zingekuwa bora. Jambo hilo lina ukweli ndani yake. Mtu asiyekubali kusahihishwa na yeyote hubaki na makosa yale yale, na Micheaux alibaki nayo kwa miaka 30. Lawama ya rangi ya ngozi pia ni ya haki na siwezi kumtetea. Lakini mimi nauliza, nani mwingine mwaka wa 1920 angemwonyesha mkulima mweusi akidai hesabu yake iwe sawa? Hollywood haikuthubutu. Lincoln walitengeneza sinema za adabu za kuwapa moyo watu weusi, na kunyongwa hawakukugusa. Huyu mkaidi asiyeambilika ndiye aliyekugusa, na nadhani ukaidi ule uliomfanya asirudie picha mbovu ndio huo huo uliomfanya asiogope wakaguzi. Huwezi kuchukua nusu ukaacha nusu.

Katika miaka ya 1940 pesa za sinema ziliisha akarudi kwenye vitabu. Aliandika riwaya 4 na akazitembeza mwenyewe kwa gari kama zamani, ingawa sasa mwili ulikuwa mzito na viungo vikimuuma. Mwaka wa 1948 alijaribu mara ya mwisho. Sinema yake The Betrayal ilichukua zaidi ya saa 3, nayo ilisimulia hadithi ile ile ya mlowezi mweusi wa South Dakota. Wahakiki waliichana vibaya na watu hawakuja. Hakutengeneza nyingine. Alikufa tarehe 25 Machi, 1951, katika mji wa Charlotte, North Carolina, akiwa safarini kwa biashara, mwenye umri wa miaka 67. Alizikwa Great Bend, Kansas, alikokuwa na jamaa zake.

Kwa muda mrefu Marekani ilimsahau. Mwaka wa 1987 alipewa nyota katika ile njia ya Hollywood iliyotandazwa majina ya mashuhuri, na mwaka wa 2010 picha yake ikatiwa kwenye stempu ya posta. Lakini nyota na stempu haziwezi kurudisha sinema. Nyingi zimepotea kabisa, zikiwemo The Homesteader na The Betrayal, yaani ya kwanza na ya mwisho. Mikanda ya zamani huoza, huungua, au hutupwa tu mtu asipoona tena pesa ndani yake. Na Micheaux alikuwa na nakala chache, akizisafirisha kutoka mji hadi mji mpaka zikararuka.

Within Our Gates nayo ilihesabiwa kuwa imekufa. Nakala moja ikaja kuonekana Hispania, katika hifadhi ya filamu ya Madrid, ikiitwa La Negra. Ilikuwa imepelekwa huko zamani na maneno yote ya Kiingereza yakatolewa, yakaandikwa ya Kihispania. Maktaba ya Bunge la Marekani iliipata ikaitengeneza upya mwaka wa 1993. Kadi za Kiingereza zilizosalia ndani ya mkanda zilikuwa 4 tu. Zilizobaki ilibidi wataalamu wazitafsiri kutoka Kihispania, na ili zisikike kama yeye walizisoma zile riwaya alizokuwa akitembeza mlango kwa mlango, wakaiga namna yake ya kuandika. Kwa hiyo mtu akiitazama leo, sehemu kubwa ya maneno anayoyasoma hayakuandikwa na mkono wa Micheaux. Uso wa mzee Ned nyuma ya mlango ndio uliobaki jinsi alivyoupiga picha.